Jumatano ya Bi Siwema

Wanaopenda habari za mito na milima niliyovuka wakatafute msimulizi mwingine. Mimi niliifikia nchi ya Wakatini nikiwa nimechoka, nikakaa huko muda wa kutosha kuchukizwa na mambo kadhaa, na haya ninayoyaeleza niliyaona kwa macho yangu. Sijaongeza chumvi. Nchi yenyewe ina chumvi ya kutosha.

Watu wa Wakatini wanajivunia jambo moja kuliko yote: hawachelewi. Watakuambia hivyo kabla hawajakuuliza jina. Wakikutana njiani husalimiana kwa kuulizana, "Umewahi?" na jibu lake ni "Nimewahi," hata kama mtu hakuwa na pa kwenda. Siku ya kwanza mimi nilijibu, "Salama tu," na bwana yule akanitazama kama vile nimemtukania mama yake. Katikati ya mji wao mkuu kuna mnara mrefu wenye saa kubwa, na saa hiyo haitembei. Mishale yake imeganda penye saa nne na ushei, na hakuna ajuaye kama ni nne ya asubuhi au ya usiku. Kila apitaye chini yake huinua macho, hutikisa kichwa kwa heshima, kisha huongeza mwendo.

Katika nchi ya watu wasiochelewa, ugonjwa ni tatizo la kisheria. Niliambiwa kwamba baraza lao lilibishana miaka mingi kabla ya kukubali kwamba raia anaweza kuugua. Wasichokubali mpaka leo ni kwamba anaweza kuugua bila kutoa taarifa. Ndiyo maana wana Idara ya Maradhi Yajayo, ambako mtu huenda kutangaza magonjwa anayoyatarajia. Nilipita pale asubuhi moja nikakuta foleni imelizunguka jengo. Dirishani alikuwapo mzee mmoja anatangaza kichomi, baridi yabisi na mafua.

"Mafua ya lini?" ofisa akauliza.

"Ya wakati wa mvua, mwanangu, Mungu akipenda."

"Mungu hahusiki hapa, mzee. Taja siku."

Nyuma yake bwana mmoja mwoga alitangaza kila ugonjwa anaoujua, akamalizia na uchungu wa kuzaa, asije akakutwa hakujiandaa. Ofisa alimpokea bila kucheka. Nilicheka mimi, nikatolewa nje.

Sasa aliyeugua bila taarifa, akachelewa jambo la kisheria kwa sababu hiyo, hafukuzwi papo hapo. Sisi si washenzi, waliniambia. Anapelekwa Mahakama ya Udhuru akajieleze, na namna ya kujieleza ni kwa vigoda. Kwa kila siku aliyochelewa kinawekwa kigoda kimoja mbele ya majaji, vikipangwa kwa mstari. Mwombaji anakaa juu ya kigoda cha siku ya kwanza, anaieleza siku hiyo tangu jua kuchomoza hadi kuzama, na majaji wakiridhika anahamia kinachofuata. Siku ikikosa maelezo, kigoda chake kinabaki kitupu, na kigoda kitupu kimoja tu kinaangusha maombi yote. Kisha sheria inataka siku ielezwe na mtu aliyeiishi mwenyewe. Mume hamsemei mke, wala tabibu hamsemei mgonjwa wake.

Hayo yote yangenipita kama vichekesho vya ugenini kama nisingepanga chumba kwa Mama Chausiku, mjane mwenye sauti nene na mkono mwepesi wa kukarimu. Jirani yake wa ukuta kwa ukuta alikuwa Bi Siwema, mfinyanzi wa vyungu, mwembamba kwa homa aliyotoka kuugua, kanga imemlegea mwilini kama imetundikwa kambani. Jioni ya kwanza nilimwona ameketi kizingitini, anajaribu kuukanda udongo. Nguvu zikamwishia, akauacha.

"Mumewe yuko machimboni," Mama Chausiku aliniambia huku akinipakulia ugali. "Bwana Makungu. Fundi mzuri, mpole, ila mdomo wake hauna mlango."

"Alisema nini?"

Akachungulia dirishani kwanza. "Alisema ile saa imesimama."

Ndivyo ilivyokuwa. Makungu alipita chini ya mnara na ngazi yake begani, akainua macho, akasema kwa sauti ya kawaida, mbele ya watu, kwamba saa imesimama na yeye anaweza kuitengeneza kabla ya chakula cha mchana. Alikamatwa kabla hajaitua ngazi. Mahakama ya chini ikamhukumu kuvunja mawe machimboni mpaka saa ya mnara izunguke mara elfu.

Nilidhani sijasikia vizuri. "Saa hiyohiyo isiyotembea?"

"Hiyohiyo, mgeni wangu. Na punguza sauti."

Kwa maneno mengine, mtu huyo hatatoka. Mlango pekee uliobaki ni rufaa, na rufaa katika Wakatini hukatwa na mtu wa nyumbani kwa mfungwa, kabla mwezi mpya haujaandama. Niliuliza kwa nini siku za rufaa nazo zisihesabiwe kwa saa ya mnarani, ili zisiishe kamwe. Nikajibiwa na wakili mmoja, kwa upole wa mtu anayemfundisha mtoto, kwamba kuchelewa hupimwa kwa mwezi wa angani na kifungo hupimwa kwa saa ya mnarani, na mtu akichanganya vipimo hivyo viwili nchi itakosa utaratibu.

Wakili huyo ndiye Fumbwe, aliyechukua shauri la Bi Siwema. Alikuwa mtu mfupi, nadhifu, mwenye haraka ya kudumu. Siku moja kabla ya shauri alikuja kumfundisha mteja wake, nasi tukakaa kusikiliza.

Mambo yenyewe yalikuwa wazi. Bi Siwema alishikwa na homa ya matumbo wiki ileile mumewe alipohukumiwa. Hakuwa ameitangaza. Mwezi ukaandama Ijumaa yeye akiwa kitandani. Aliendelea kuumwa wiki nzima, na Alhamisi alipofumbua macho neno lake la kwanza lilikuwa "rufaa." Mama Chausiku na majirani walimbeba na kitanda chake hadi ofisi ya rufaa, akaisema rufaa yake amelala, watu wakimfukuzia nzi.

"Ijumaa tunayo," Fumbwe alisema. "Jumamosi ulitapika, safi sana. Jumapili, Jumatatu, Jumanne, vizuri. Jumatano ilikuwaje?"

"Sijui," Bi Siwema akajibu.

"Hujui vipi?"

"Sikuwa na fahamu, wakili. Nililala Jumanne, nikaamka Alhamisi."

"Mimi najua!" Mama Chausiku akadakia. "Nilimkanda kwa maji siku nzima. Tulishatafuta sanda!"

"Wewe huwezi kusema, mama, siku si yako." Fumbwe akajifuta uso. "Bi Siwema, Jumatano sema chochote. Sema ulikohoa. Sema ulimwona nzi ukutani. Siku inahitaji kitu."

"Mume wangu kafungwa kwa kusema kweli," Bi Siwema akasema. "Kutwa anavunja mawe kwa sababu hakutaka kusema saa inatembea. Nikimtoa kwa uongo nitamtazamaje usoni? Sitaapa kwa kitu nisichokijua."

Fumbwe aliondoka amekunja uso. Mimi nilimpenda mama yule tangu saa hiyo, na nilianza kumwogopea.

Mahakama ya Udhuru ni jumba zuri lenye zulia jekundu. Majaji ni watatu. Wa katikati ni Jaji Mkuu Pandu, mtu mnene mwenye ndevu zilizochanwa vizuri, mpya kwenye kiti chake lakini tayari ameshakizoea. Wenzake wawili nitawaita wa kulia na wa kushoto, maana hata wao kwa wao ndivyo walivyoitana.

Kabla ya Bi Siwema tuliwasikiliza wengine. Mfanyabiashara mmoja aliyechelewa kwa maumivu ya jino alilileta jino lenyewe juu ya kisahani. Majaji wakapokezana kulitazama, wakatamka kwamba ugonjwa umehudhuria, wakampa udhuru. Akaja mtu aliyepona kabisa. Akaambiwa kwamba aliyepona hivyo hakuumwa sana. Akafuata mtu aliyebebwa na wanawe, anakoroma kifuani. Akaambiwa kwamba kama ameweza kuja leo na hali hiyo, hata siku ile angeweza. Shauri lililokwenda haraka kuliko yote ni la marehemu mmoja. Vigoda vyake havikuwekwa hata kimoja. Jaji wa kulia alisema kifo ni sababu nzuri, imekamilika, haina mapengo, na akawasihi waombaji waliobaki waige mfano huo.

Kisha karani akaita, "Siwema, mke wa Makungu!" akapanga vigoda.

Akaanza kwa sauti ndogo, watu wakainama kumsikiliza. Ijumaa: kichwa, baridi, mablanketi. Jumamosi: matapishi. Jaji wa kushoto alitaka kujua yalikuwa ya rangi gani, akaambiwa, akaridhika. Jumapili alimwona marehemu mama yake amesimama mlangoni. Majaji wakabishana kama mgeni wa namna hiyo anahesabiwa kuwa shahidi, wakaamua apite. Jumatatu, Jumanne. Alivihama vigoda kimoja baada ya kingine, akishika magoti kila alipoinuka. Alipofika cha Jumatano hakukaa. Alisimama kando yake.

"Kaa," akasema Jaji Mkuu.

"Mheshimiwa, siwezi kukaa. Siku hiyo siijui. Nilikuwa sina fahamu."

"Tangu asubuhi?"

"Tangu asubuhi hadi usiku, mheshimiwa."

Majaji wakatazamana kwa wasiwasi wa kweli. Yule wa kulia akaegemea mbele. "Tufahamishane, mama. Siku zote ulizokuwa na nguvu kidogo umezieleza vizuri. Siku unayodai ulikuwa mgonjwa kupita zote, huna hata neno moja?"

"Ndiyo, mheshimiwa. Kwa sababu ndiyo niliyokuwa mgonjwa kupita zote."

"Hapo ndipo penye shaka," akasema yule jaji.

Mama Chausiku aliruka kutoka kwenye benchi. "Nilikuwa naye! Kutwa nzima! Muulizeni mtaa mzima!"

"Je, wewe ndiye uliyezirai?" Jaji Mkuu akamuuliza.

"Mimi? Sikuzirai mimi."

"Basi wewe ulikuwa na Jumatano nyingine. Kaa chini, mama."

Nilisimama bila kufikiri. Nikasema kwamba mimi ni mgeni, kwamba huko nitokako mtu aliyezirai anasamehewa kwa kuwa alizirai. Ukumbi mzima ulicheka kwa ustaarabu. Jaji Mkuu akanijibu kwamba huko nitokako bila shaka watu huchelewa sana, nikakaa nikiwa nimekasirika.

Ndipo yule wa kushoto, ambaye muda wote alikuwa akiutazama mstari wa vigoda, alipopata wazo. Alisema mahakama haina uwezo wa kumsamehe mtu, lakini ina uwezo wa kurekebisha siku. Kwa nini wasiifute Jumatano ile? Ikifutwa, Jumanne itapakana na Alhamisi aliyoleta rufaa, pengo litaziba, na mama atakuwa ameeleza siku zote.

Wakili Fumbwe aliinuka, akainama mpaka chini. "Upande wetu hauna pingamizi, waheshimiwa!"

Wazo likapendwa. Karani alikiondoa kigoda cha Jumatano ili waone mstari unavyokaa, na mstari ukakaa vizuri. Mwanamume mmoja nyuma ya ukumbi akalalamika kwamba siku hiyo ndiyo aliyooa, akaambiwa ataoa tena. Mwingine akauliza habari za ng'ombe wake aliyezaa, wakamwahidi kulifikiria. Jaji Mkuu alikwisha kuinua muhuri. Nilimwona Bi Siwema anashika shavu, midomo inamcheza, naye kwa mara ya kwanza tangu nimjue anakaribia kucheka.

Karani akakohoa. Akamsogelea Jaji Mkuu, akamnong'oneza, lakini jumba lile lina mwangwi, sote tukasikia: "Mheshimiwa, Jumatano ile ndiyo uliyoapishwa."

Muhuri ukabaki hewani. Ikifutwa siku ile, Pandu hakuapishwa. Asipoapishwa si jaji, na kila alichokiamua tangu hapo ni maneno ya mpita njia. Alishusha mkono taratibu.

"Rudisha kigoda," akasema.

"Waheshimiwa!" Fumbwe akapaza sauti, nami nikamheshimu kidogo. "Kama ni siku ya kuapishwa, basi ofisi ya rufaa ilifungwa siku hiyo! Watumishi wote walikuwa kwenye sherehe. Hata mtu mzima wa afya asingeweza kuleta rufaa!"

"Mteja wako alifika ofisini akakuta imefungwa?"

"Alikuwa amezirai, mheshimiwa."

"Kwa hiyo hakubisha hodi. Mlango ambao mtu hakuubisha hauwezi kumpa udhuru." Jaji Mkuu aligeukia wenzake, wakatikisa vichwa kukubali. "Kigoda kimebaki kitupu. Maombi haya..."

"Mheshimiwa, nimekumbuka."

Ilikuwa sauti ya Bi Siwema. Uso wake ulikuwa umebadilika rangi. Alikishika kigoda kwa mikono miwili, akakaa, akaweka kanga yake sawa. Hakumtazama Mama Chausiku, wala mimi, wala wakili wake.

"Umekumbuka nini?"

"Jumatano nilikuwa kwenye sherehe yako, mheshimiwa. Nilitoka alfajiri ili nipate nafasi ya mbele. Nilikaa mpaka jua lilipozama."

Nilisubiri mtu mmoja, mmoja tu, aulize mtu mwenye homa ya matumbo aliinukaje kitandani. Nilimtazama jaji wa kulia, bingwa wa mashaka, nikamwona anaangalia kucha zake. Nani angesimama mbele ya Pandu aseme kwamba mgonjwa hawezi kuinuka kwa ajili ya sherehe yake?

"Ulikuwa wapi hasa?" akauliza Jaji Mkuu, na sauti yake ilikuwa imelainika.

"Karibu na ngoma, mheshimiwa. Nilipiga vigelegele ulipovishwa joho."

"Kanga nyekundu," akasema Jaji Mkuu.

"Ndiyo, mheshimiwa. Nyekundu."

"Nilikuona!" Akapiga meza kwa furaha. "Wallahi nilikuona! Nikamwambia mke wangu, tazama mama yule alivyochangamka."

Jaji wa kushoto naye akakumbuka. Karani akakumbuka hata wimbo. Mtu mmoja ambaye sikuwahi kumwona akasema alimkanyaga mama huyu mguu siku hiyo, akaomba radhi hadharani. Mama Chausiku, aliyekuwa amemtafutia sanda Jumatano hiyohiyo, aliinama, akajifunika uso kwa ushungi, akasema, "Ndiyo. Tulikwenda pamoja."

"Hii ndiyo siku iliyoelezwa vizuri kuliko zote," akasema Jaji Mkuu. "Lakini kwa ajili ya utaratibu tu, mama, hebu tupigie tena. Kama ulivyopiga siku ile."

Bi Siwema alisimama. Nguvu ya kifua chake ilikuwa bado haijarudi. Kupanda ngazi za mahakama tu kulimtaka apumzike mara tatu. Akaweka kiganja mdomoni, akapiga. Kigelegele cha kwanza kilikatika katikati. Akavuta pumzi, akapiga tena, kirefu, kikazunguka jumba zima, na machozi yakimtiririka mpaka kidevuni. Watu wakasimama wakapiga makofi. Walidhani ni furaha. Jaji Mkuu alifumba macho asikilize vizuri, kisha akagonga muhuri. Rufaa ya Makungu itasikilizwa.

Nje, tulimkalisha kwenye ngazi za mahakama. Fumbwe alikuja mbio, akimpa hongera, akisema kwamba rufaa yenye mwanzo mzuri kama huo haiwezi kushindwa, kwamba Bwana Makungu ataila sikukuu ijayo nyumbani. Bi Siwema alimshukuru kwa heshima zote. Alipoondoka, akaomba maji, akanywa kidogo, akayamimina yaliyobaki mikononi na kujisugua midomo kwa nguvu, mara kadhaa. Mama Chausiku alimshika mkono ili aache.

Nikasema amemwokoa mumewe, na hakuna mtu mwenye akili atakayemlaumu.

"Yeye hataniuliza," akasema. "Ninamjua. Ataniangalia tu." Kisha akaniinulia uso. "Wewe unaondoka kesho, kaka?"

"Naondoka kesho."

"Huko kwenu utawasimulia watu uliyoyaona?"

Nikamwambia nitawasimulia.

"Basi waambie nilikuwa mgonjwa," akasema. "Hapa sitaweza kusema tena. Jumatano ile nilikuwa mgonjwa, karibu nife. Utasema?"

Nilimwahidi. Ndiyo sababu nimeandika haya yote. Alikuwa mgonjwa.